Nani Ameshika Mkasi? Mathieu Amalric na Fumbo la Sinema Huru ya Ufaransa

Ubishi ulianza kwa mzaha, kama unavyoanza mara nyingi kwenye makundi ya wapenzi wa filamu. Mmoja alituma picha ya Mathieu Amalric, mwigizaji na mwongozaji wa Kifaransa, akiwa ameinua shoka, akimkabili James Bond ndani ya hoteli inayoteketea katikati ya jangwa, kisha akauliza: huyu naye mnamwita mtu wa sinema huru? Kabla hajajibiwa, mwingine akatupia swali zito zaidi: ikiwa filamu za Wafaransa zinabebwa na serikali yao, uhuru wake uko wapi? Wa tatu akasema filamu huru ni ile isiyo na hela, basi, na mjadala ukageuka soko la samaki.

Maswali hayo yote ni ya haki, ila yanachanganya mambo matatu ambayo kwa kawaida tunayabandika jina moja. La kwanza ni fedha ilikotoka. La pili ni ukubwa wa filamu. La tatu, ambalo watu hulitaja mwisho ingawa lilistahili kutangulia, ni nani mwenye kauli ya mwisho juu ya kile kitakachoonekana kwenye pazia. Maisha ya kazi ya Amalric, ambaye kwa zaidi ya miaka 30 amekuwa akicheza mbele ya kamera na kusimama nyuma yake, ni mahali pazuri pa kuyatenganisha mambo hayo, kwa sababu yeye amepita katika yote matatu, wakati mwingine ndani ya mwaka mmoja.

Tuanze na maneno. Mtayarishaji ni yule anayetafuta fedha, anayeajiri na anayebeba hasara ikitokea. Mwongozaji ni yule anayeamua filamu ionekane vipi: kamera ikae wapi, mwigizaji aseme kwa sauti gani, tukio lipi lianze na lipi lifuate. Msambazaji huichukua filamu iliyokamilika na kuipeleka kwenye majumba ya sinema. Nchini Marekani, neno huru lilizaliwa kwa kutofautisha: filamu ni huru ikiwa imetengenezwa nje ya zile studio kubwa chache ambazo huwa mtayarishaji na msambazaji kwa pamoja. Ufaransa ina makampuni makongwe, Gaumont tangu mwaka 1895 na Pathé tangu 1896, lakini hayakuwahi kuifunika nchi kama studio za Hollywood zilivyoifunika Marekani, na filamu nyingi huko hutengenezwa na kampuni ndogondogo za watayarishaji. Kwa kipimo cha Kimarekani, basi, karibu sinema yote ya Ufaransa ingekuwa huru, na neno lingekosa maana. Ndiyo sababu Wafaransa wenyewe hupenda zaidi kusema sinema ya mtunzi, yaani filamu ambayo mwongozaji wake anahesabiwa kuwa mtunzi kama vile mshairi alivyo mtunzi wa shairi lake.

Mfano wa fundi cherehani unasaidia hapa. Mteja analeta kitambaa, fundi anashona. Wakati wa kukata ukifika, nani anaamua kola iwe pana au nyembamba? Kuna mteja anayesimama juu ya meza ya fundi na kumwelekeza kila mkato, maana kitambaa ni chake na fedha ni yake. Kuna fundi naye anayesema: niachie, njoo Ijumaa. Katika studio kubwa za Hollywood mwenye kitambaa ndiye mwenye mkasi. Mwongozaji akishahariri toleo lake, studio ina uwezo wa kulibadilisha, isipokuwa mkataba wake ukisema vingine. Katika sheria ya Ufaransa mambo ni tofauti. Sheria ya haki za watunzi ya mwaka 1957 iliimarisha kanuni kwamba mtunzi ana haki isiyouzika juu ya kazi yake, na sheria ya haki miliki inayotumika sasa inatamka kwamba filamu huhesabiwa kuwa imekamilika pale mwongozaji na mtayarishaji wanapokubaliana juu ya toleo la mwisho, na inakataza kuiharibu nakala mama ya toleo hilo. Sheria haiondoi ubishi, wala haimzuii mtayarishaji kubembeleza au kununa. Inachofanya ni kuhakikisha kwamba mkasi umeshikwa na mikono miwili, na mmoja hawezi kukata peke yake.

Amalric alizaliwa tarehe 25 Oktoba 1965 huko Neuilly-sur-Seine, kando ya Paris. Baba yake, Jacques Amalric, alikuwa mwandishi wa habari za kimataifa; mama yake, Nicole Zand, mzaliwa wa Poland kutoka familia ya Kiyahudi, alikuwa mhakiki wa vitabu wa gazeti la Le Monde. Jina hilo Zand liwekwe akilini, maana litarudi. Yafaa pia kusema wazi kwamba huyu si kijana aliyeokotwa mtaani akapewa kamera. Alikulia katika nyumba ambamo wasanii walikuwa wageni wa kawaida, na ni kwa njia hiyo mwongozaji kutoka Georgia, Otar Iosseliani, alimpa nafasi yake ya kwanza katika filamu ya Les Favoris de la lune ya mwaka 1984. Wanaodhani kwamba sinema huru ni mlango ulio wazi kwa kila mtu hawana budi kulitazama hilo pia. Uhuru wa kutunga ni jambo moja, na njia ya kufika mahali pa kutunga ni jambo jingine.

Baada ya hapo hakukimbilia kuwa mwigizaji. Alifanya kazi ambazo jina lake hupita kwenye pazia wakati watazamaji wameshainuka kwenda zao: msaidizi wa mwongozaji, mshika vifaa, mtu wa chumba cha uhariri. Alikuwa miongoni mwa wasaidizi katika utengenezaji wa Au revoir les enfants ya Louis Malle, iliyotoka mwaka 1987. Huko ndiko alikojifunza ufundi, na huko ndiko aliko moyoni mpaka leo. Mara nyingi amesema kwamba uigizaji ulimpata kwa ajali, na kwamba aliyemfanya kuwa mwigizaji ni Arnaud Desplechin, mwongozaji wa rika lake aliyemtumia kwanza katika La Sentinelle mwaka 1992, kisha akamkabidhi nafasi ya mbele katika filamu ndefu ya mwaka 1996 kuhusu mhadhiri kijana wa falsafa asiyeweza kumaliza tasnifu yake wala kumaliza mapenzi yake. Kwa nafasi hiyo Amalric alipata tuzo ya César, tuzo kuu ya sinema ya Ufaransa, ya mwigizaji chipukizi mwaka 1997. Alikuwa ana miaka 31, umri ambao kwetu angeitwa chipukizi kwa kumstahi tu.

Mwaka huohuo alitoa filamu yake ndefu ya kwanza kama mwongozaji, Mange ta soupe, inayomhusu mwanamume anayerudi katika nyumba ya mama yake iliyomezwa na vitabu, vimejaa sakafuni, kwenye ngazi na kila palipo na nafasi. Anayejua kazi ya Nicole Zand hahitaji kuambiwa vitabu hivyo vilitoka wapi. Kisha ikaja Le Stade de Wimbledon mwaka 2001, ambayo pamoja na jina lake haina mpira wala tenisi ya kutajika. Ni msichana anayetafuta, katika mji wa Trieste, sababu zilizomfanya mtu mmoja mwenye kipaji asiandike kitabu chochote. Filamu hizi hazikujaza majumba. Hapa ndipo swali la fedha linapojileta lenyewe: kwa nini mtu ambaye filamu zake za mwanzo hazikuuza aliruhusiwa kutengeneza nyingine?

Jibu lipo katika asilimia 10.72. Hicho ndicho kiwango cha tozo kinachokatwa katika kila tiketi ya sinema inayouzwa Ufaransa, tozo iliyoanzishwa mwaka 1948, miaka miwili baada ya kuundwa kwa taasisi ya taifa ya sinema, CNC, kwa sheria ya tarehe 25 Oktoba 1946. (Ndiyo, ni siku ileile aliyozaliwa Amalric, miaka 19 kabla yake. Wafaransa wenyewe sijawasikia wakilitania.) Mtu akilipa euro 10 kuangalia filamu, euro moja na senti kidogo inakwenda CNC. Vituo vya televisheni na majukwaa ya mtandaoni navyo hutozwa. Fedha hizo haziingii kwenye kapu la jumla la serikali pamoja na kodi za mishahara na ushuru wa mafuta. Zinarudi kwenye sinema yenyewe. Tofauti hii ndiyo wengi huikosa. Serikali imeweka sheria na inasimamia, lakini fedha imetoka mfukoni mwa mtazamaji aliyekwenda sinema.

Ukitaka mfano wa karibu, fikiria upatu. Kila anayeingia ukumbini anachangia, na fungu linazunguka. Kuna mgawo unaokwenda wenyewe: mtayarishaji ambaye filamu yake iliuza tiketi nyingi hupata haki ya kiasi fulani ambacho lazima akitie katika filamu yake nyingine, hawezi kwenda kununulia gari. Kuna na mgawo wa kuchaguliwa, ambao mashuhuri zaidi ni ule ulioanzishwa mwaka 1959 wakati André Malraux akiwa waziri wa utamaduni: kamati inasoma mswada, ikiridhika inatoa malipo ya awali yatakayorudishwa kutokana na mapato ya filamu. Filamu ikivuna, unarudisha. Isipovuna, hakuna anayekuja kukuchukulia kitanda. Kijumbe wetu wa mtaani angeanguka kwa mshtuko.

Sasa rudi kwa lile shoka. Quantum of Solace, filamu ya Bond yenye shoka hilo, ilipotoka mwaka 2008, Mfaransa aliyelipa tiketi pale Lyon au Lille kumwona Daniel Craig akiwa Bond alikuwa amechangia, bila kuulizwa, katika mfuko unaolisha filamu ndogo za nchi yake. Mtayarishaji wa James Bond hana fungu la kuchota kwenye upatu huo kwa ajili ya filamu yake ijayo. Kwa hiyo wale wanaotazama sinema kubwa ya Kimarekani na sinema ndogo ya Kifaransa kama paka na panya hawajakosea kuhusu tabia zao, lakini wamekosea kuhusu mkoba: huko Ufaransa paka humlisha panya asilimia 10.72 ya kila mlo.

Hapo anaibuka yule bwana wa swali la pili: anayetoa fedha si ndiye anayeamuru? Historia inamuunga mkono kwa kiasi. Ufaransa, kila filamu inahitaji kibali cha wizara ya utamaduni kabla ya kuonyeshwa, na mwaka 1966 serikali iliizuia filamu ya Jacques Rivette, La Religieuse, kwa sababu ya jinsi ilivyouonyesha utawa. Ikaruhusiwa mwaka uliofuata baada ya kelele nyingi. Lakini angalia kwamba mkono uliozuia ni ule wa kibali, na mkono wa mfuko ni mwingine. Kamati inayosoma miswada hukaliwa na watu wa fani, waongozaji, waandishi, watayarishaji, na ikishatoa fedha haina nafasi katika chumba cha uhariri. Tofauti hiyo inaonekana wazi katika kisa ambacho wasomaji wengi wa Afrika Mashariki wanakikumbuka. Filamu ya Mkenya Wanuri Kahiu iitwayo Rafiki, iliyokuwa na kampuni ya Ufaransa miongoni mwa watayarishaji washirika, ilichaguliwa mwaka 2018 katika kitengo cha Un Certain Regard cha tamasha la Cannes, kitengo kilekile ambacho mwaka mmoja kabla kilifunguliwa kwa filamu ya Amalric. Hao wenye fedha kutoka nje hawakuukata mwisho wake. Aliyetaka mwisho ubadilishwe, kama mwongozaji mwenyewe alivyoeleza hadharani, ni bodi ya uainishaji wa filamu nyumbani kwao. Alipokataa, filamu ikapigwa marufuku, hadi Mahakama Kuu ilipoifungulia dirisha la siku 7 mwezi Septemba, na kumbi za Nairobi zikafurika. Bodi hiyo haikuwa imetoa kitambaa, lakini mkasi iliutaka.

Simaanishi kwamba mfumo wa Ufaransa hauna kasoro. Nchi hiyo hutengeneza zaidi ya filamu 200 kwa mwaka, na nyingi hupita kumbini kama upepo. Lawama ya kwamba kamati hupenda wale wanaofanana nazo, watu wa Paris waliosoma shule zilezile na kusoma magazeti yaleyale, si ya wivu mtupu. Na tozo ya tiketi haimlipii mtu kodi ya nyumba kati ya filamu moja na nyingine. Kwa hilo kuna utaratibu mwingine: msanii au fundi wa filamu akifikisha saa 507 za kazi ndani ya miezi 12, ana haki ya kulipwa bima ya ukosefu wa ajira katika siku asizokuwa na kazi. Ni kama mkulima anayehesabiwa msimu mzima badala ya siku ya mavuno peke yake, na bila utaratibu huo filamu ndogo zingekosa mafundi kabla hazijakosa waongozaji.

Turudi kwa Amalric mwenyewe, kwa sababu kati ya mwaka 2004 na 2010 kazi yake inatoa somo zuri kuliko nadharia yoyote. Mwaka 2005 alipata César ya mwigizaji bora kwa filamu ya Desplechin ya Rois et reine. Mwaka huohuo akaonekana katika Munich ya Steven Spielberg. Mwaka 2007 ikaja Le Scaphandre et le papillon, ambamo alicheza nafasi ya Jean-Dominique Bauby, mhariri wa jarida la Elle aliyepatwa na kiharusi mwaka 1995, akabaki na akili timamu ndani ya mwili usiosogea isipokuwa kope la jicho la kushoto. Msaidizi alimsomea herufi zilizopangwa kwa kufuata zinazotumika zaidi katika Kifaransa, E, S, A, R, I, N, na kuendelea. Bauby akapepesa jicho herufi aliyoitaka ilipofikiwa, na kwa njia hiyo akaandika kitabu kizima. Kwa mwigizaji, huo ni mtihani usio na pa kujificha: huna mikono, huna shingo, huna mdomo. Amalric alipata César yake ya pili ya mwigizaji bora.

Je, filamu hiyo ni ya Kifaransa au ya Kimarekani, kubwa au huru? Mwongozaji wake, Julian Schnabel, ni mchoraji wa New York. Mswada uliandikwa kwa Kiingereza na Ronald Harwood, kisha Schnabel akashikilia kwamba ni lazima ichezwe kwa Kifaransa. Cannes ilimpa tuzo ya uongozaji. Ukiipima kwa asili ya fedha utachanganyikiwa, ukiipima kwa lugha utachanganyikiwa zaidi. Ukiuliza mkasi ulikuwa kwa nani, jibu linakuja mara moja: kwa Schnabel. Amalric alikuwa fundi mwalikwa katika karakana ya mtu.

Ndivyo alivyokuwa pia kwenye James Bond. Huko alicheza Dominic Greene, tajiri anayejifanya mtetezi wa mazingira huku akinyemelea maji ya Bolivia. Maadui wa Bond kwa desturi wana kovu, jicho la kioo au mkono wa chuma, ili hata mtoto aliyeingia ukumbini amechelewa ajue nani stelingi na nani adui. Greene hana chochote. Ana tabasamu. Amalric aliwaeleza waandishi wa habari kwamba alilichukua kwa Tony Blair, na kwamba kwa wazimu kidogo alimtazama Nicolas Sarkozy, aliyekuwa rais wa nchi yake wakati huo. Katika ule ugomvi wa mwisho, kama mtu asiyejua kupigana kweli, anarusha shoka kwa pupa hadi anajikata mguu mwenyewe. Ni ubunifu wa mwigizaji, na ni mzuri, lakini uamuzi wa kuuacha au kuutupa haukuwa wake. Kwa hiyo yule aliyeuliza kama Amalric bado ni mtu wa sinema huru baada ya Bond anauliza swali la fundi ambaye Jumatatu anashona sare za kiwanda kwa vipimo vya kiwanda, na Alhamisi anashona kanzu yake. Sare hazimwondolei jina. Kanzu ndiyo inayoonyesha mkono wake.

Kanzu hiyo ilikuwa Tournée, ya mwaka 2010. Amalric aliiongoza, akashiriki kuiandika, akacheza nafasi ya Joachim Zand, mtayarishaji wa vipindi vya televisheni aliyegombana na watu wote Paris, akakimbilia Marekani, na sasa amerudi na kundi la wanawake wa Kimarekani wanaofanya maonyesho ya kuvua nguo kwa vichekesho na ufundi mkubwa. Wanawake hao si waigizaji waliofunzwa kwa ajili ya filamu. Dirty Martini, Mimi Le Meaux, Kitten on the Keys na wenzao ni wasanii wa jukwaani kwa kazi yao halisi. Joachim amewaahidi Paris. Anachowapa ni miji ya bandari, Le Havre, Nantes, Toulon, treni za asubuhi, na hoteli zinazofanana kiasi kwamba mtu akiamka usiku hajui yuko mji gani. Kila wanapofika mapokezi, Joachim anamwomba mhudumu apunguze ule muziki unaotoka darini, na kila mara anaambiwa haiwezekani. Kichekesho hicho kidogo kinarudi tena na tena bila kueleweshwa, na kwangu mimi ndicho kinachobeba filamu nzima: mtu anayeishi kwa kuuza kelele za furaha, anayetafuta dakika moja ya ukimya na haipati. Mtayarishaji wa kawaida angesema tukio hilo haliendelezi hadithi, likatwe. Halikukatwa.

Amalric ameeleza kwamba wazo lilianzia katika maandishi ya Colette, mwandishi wa Kifaransa, kuhusu maisha ya wasanii wanaozunguka na maonyesho, yaliyochapishwa mwaka 1913, na kwamba sharubu za Joachim ni za Paulo Branco, mtayarishaji Mreno wa Paris aliyewahi kumsimamia. Nyuma ya sharubu hizo kuna kivuli kizito zaidi, cha Humbert Balsan, mtayarishaji aliyejiua mwaka 2005 huku kampuni yake ikiwa imelemewa na madeni. Wanaoisimulia sinema huru kama hadithi ya mashujaa wasiojali fedha wangetulia kidogo hapo. Mtayarishaji mdogo ndiye anayeweka nyumba yake rehani ili mwongozaji asishikwe mkono, na Tournée ni salamu ya mwongozaji kwa watu hao. Mwezi Mei 2010 majaji wa Cannes, chini ya Tim Burton, walimpa Amalric tuzo ya uongozaji bora, miaka 2 baada ya lile shoka.

Filamu zilizofuata zinajibu ule usemi wa tatu, kwamba huru maana yake ni isiyo na hela. La Chambre bleue ya mwaka 2014, iliyotokana na riwaya ya Georges Simenon, ni fupi, dakika 76 tu, yenye picha karibu ya mraba kama za zamani, na ilitayarishwa na Branco yuleyule. Ni filamu ndogo kwa kusudi: Simenon aliandika kwa kukaza, na Amalric aliikata kwa kukaza. Barbara, ya mwaka 2017, ina mpangilio mgumu zaidi. Inamhusu Barbara, mwimbaji mkubwa wa Ufaransa aliyefariki mwaka 1997, lakini badala ya kusimulia maisha yake toka utoto hadi kaburi, inaonyesha mwigizaji anayejifunza kuwa Barbara kwa ajili ya filamu, huku mwongozaji wa filamu hiyo ya ndani akipotelea katika mapenzi yake kwa mwimbaji. Mwongozaji huyo anachezwa na Amalric, naye anaitwa Yves Zand. Jina la mama limerudi tena. Mwigizaji ni Jeanne Balibar, mama wa watoto wake wawili wa kiume, aliyepata César kwa kazi hiyo. Filamu ilifungua Un Certain Regard, ikatwaa tuzo za Jean Vigo na Louis-Delluc. Hakuna kipimo cha fedha kitakachokuambia kwamba filamu hizi mbili ni za mtu mmoja, lakini ukizitazama jioni moja hutahitaji kuambiwa: kamera inakaribia nyuso halafu inaona haya, tukio linakatwa sekunde moja kabla hujalielewa, na mwanamume mwenye mamlaka ndiye daima mnyonge kuliko wote chumbani.

Kuna dhana moja ya mwisho, ambayo wapenzi wa sinema hii wenyewe huieneza, kwamba mtunzi hufanya kila kitu peke yake. Kazi ya Amalric inapinga hilo waziwazi. Mswada wa La Chambre bleue aliuandika pamoja na Stéphanie Cléau, aliyecheza pia nafasi ya mpenzi ndani yake. L'Illusion comique, ya mwaka 2010, ilikuwa oda ya Comédie-Française, jumba la tamthilia la taifa, lililomtaka atumie maneno ya Corneille, mwandishi wa tamthilia wa karne ya 17, na waigizaji wa jumba hilo. Alikubali masharti, na ndani ya masharti hayo akapata nafasi ya kucheza. Kushika mkasi si kukataa kitambaa cha mtu, wala si kufukuza kila anayeshauri.

Mwaka 2021 alileta Cannes filamu ya Serre-moi fort, kutoka tamthilia ya Claudine Galea, juu ya mwanamke anayeondoka nyumbani alfajiri akiwaacha mume na watoto wamelala, au ndivyo tunavyodhani kwa muda mrefu. Vicky Krieps ndiye anayeibeba, akiendesha gari, akizungumza na watu wasiokuwepo, akisikia kinanda cha binti yake kutoka mbali. Safari hii hakuna Zand. Hakuna Amalric popote mbele ya kamera, na aliyemfahamu kupitia tabasamu la Greene angeweza kuimaliza filamu nzima bila kujua ni ya nani, mpaka jina litokeze mwishoni, katika ile orodha inayopita watu wakishatafuta makoti yao.